Vipande vya sekunde 28: jibu kwa mdogo wetu wa Goma aliyeko Kampala

Mdogo wangu, salama. Swali lako nilisoma mara mbili, mara ya pili umeme ulikuwa umeenda hapa Katindo nikasomea gizani kwenye telefone. Juu na wengine watasoma, acha nirudilie kifupi: ulitoka Ndosho mwanzo wa 2025, sasa uko Kampala unasuka nywele ili upate kula, na kwenye telefone uko na vipande vya video zaidi ya mia mbili, hakuna hata kimoja kinafika dakika moja. Miguu ya watu kwenye stendi ya taxi, mvua inagonga bati, mkono wa mteja unashika kioo. Vya Goma ni kumi na moja tu, pamoja na sauti za WhatsApp za tate yako mwanamke, bibi yako, zile unasema ziliharibika, jogoo, mvua, kikohozi. Ulionesha rafiki mmoja mwenye alisomea sinema akakwambia hii si filamu, ni takataka ya telefone. Na unauliza: yule mtengeneza filamu Jonas Mekas nilikuwa nataja kwenye somo la montaji, la kukata na kuunganisha picha, yeye aliishije huko nje, alikula nini, na vitu kama hivi alivifanya nini?

Bon. Rafiki yako hakukosea yote. Vipande mia mbili si filamu, sawa na gunia la maharagi si chakula bado, lakini nani anaita maharagi takataka?

Mekas alizaliwa tarehe 24 Desemba 1922 kijijini Semeniškiai, Lithuania, mtoto wa walimaji, wa ng'ombe na viazi, usiwaze mtoto wa mjini mwenye alikua mbele ya skrini. Alipokuwa kijana nchi yake ilichukuliwa na Wasovieti mwaka 1940, kisha Wajerumani 1941, kisha Wasovieti tena 1944, na kila mkubwa mpya anataka ujue upande wako ni gani, hii sina haja ya kumweleza mtu wa Goma. Kwa maelezo yake mwenyewe alikuwa anapiga kwa mashini ya kuandikia karatasi za siri za kupinga Wajerumani, mashini ameificha nje, mwizi akaiiba, basi hofu ikawa kwamba mashini ikipatikana watajua nani alikuwa anaandika. Mwaka 1944 yeye na mdogo wake Adolfas wakapanda treni na karatasi za kwenda kusoma Vienna. Hawakufika. Wakapelekwa kazi ya lazima Elmshorn karibu na Hamburg, wakatoroka mwaka 1945, wakajificha kwenye shamba karibu na mpaka wa Denmark mpaka vita ikaisha. Kisha kambi za wakimbizi, Wiesbaden, Kassel, mpaka 1949, miaka karibu minne. Bulengo ulipita, Kanyaruchinya unaijua, kwa hiyo kambi sikuelezi. Nitasema tu kwamba ndani ya hiyo miaka alisoma filozofia kwenye chuo cha Mainz, na mashairi yake juu ya kijiji chao yakatoka kitabu mwaka 1948, yaani kazi yake ya kwanza juu ya nyumbani aliifanya akiwa mkimbizi.

Hapa nisimame kidogo, maana sipendi kukupa mtakatifu. Mwaka 2018 mwanahistoria mmoja aliandika kwa urefu kwamba hadithi ya Mekas ya miaka ya vita haiko wazi vile alikuwa anaieleza, kwamba magazeti ya kule alikuwa anafanyia kazi chini ya Wajerumani yalikuwa yanachapisha propaganda ya kuchukia Wayahudi, hata kama maandishi yake mwenyewe humo yalikuwa ya fasihi. Watu waligombana sana juu ya hii, wengine wakamtetea. Ninakuambia juu wewe pia utatengeneza filamu ya kumbukumbu ya vita, na mtu mwenye anasema «mimi nilikuwa hapa, niliona hivi» anakujaga kuulizwa, hata miaka 70 nyuma. Tarehe andika kama zilivyo. Kama siku fulani haukumbuki vizuri, sema kwenye filamu yenyewe kwamba haukumbuki.

Turudi kwenye kamera. Mekas na Adolfas walifika New York kwa meli tarehe 29 Oktoba 1949. Karatasi zilikuwa zinasema waende Chicago, kazi ya mkate inawangojea, lakini walipoona New York wakasema hapa ndo hapa, wakabaki Brooklyn, mtaa wa Williamsburg ule ulikuwa na Walithuania wengi. Na wiki chache tu baadaye, kwa pesa ya kukopa, akanunua kamera Bolex ya milimita 16. Mkimbizi, na bado hajajua atakula nini. Mama yako angesema kijana huyu amerogwa.

Sasa hii Bolex ndo sababu yenyewe ya mimi kuwasumbuaga na Mekas kwenye somo, ngoja nikueleze vile inafanya kazi. Haihitaji umeme. Pembeni iko na mkono, unakaza springi kama saa ya zamani, ukibonyeza inatembea, na ukiwa kwenye mwendo wa kawaida wa picha 24 kwa sekunde springi inakuchukua kama sekunde 28 hivi kisha inakwisha, unakaza tena. Mkanda mmoja wa mita 30 ni dakika 2 na nusu na kidogo, basi, umeisha, na mkanda unalipiwa na kuosha kunalipiwa. Tena inakuruhusu kupiga picha moja moja: tak, unasimama, unageuka, tak tak, kwa hiyo unaweza kutembea asubuhi nzima na mkanda mmoja, ukachukua hapa nusu sekunde ya theluji, pale sekunde mbili za mtoto anakimbia, na montaji inafanyika mule mule ndani ya kamera, bila mkasi. Sauti haishiki. Ukitaka sauti unaichukua na chombo kingine, siku nyingine, hata mwaka mwingine.

Watu wakiona filamu zake mara ya kwanza macho yanawauma, picha zinaruka, nyeupe sana, nyeusi sana, maandishi ya mashini yanaingia katikati, na wanadhani alikaa akasema leo nitafanya eksperimente, majaribio. Mimi sioni hivyo. Mtu anafanya kazi ya mikono viwandani siku nzima, hana pesa ya mkanda, hana saa tatu za kungojea jua, hana waigizaji, lugha ya mji bado anaitafuta: filamu gani nyingine ingeingia kwenye siku kama hiyo? Ile namna ya kukatakata ilitoka kwenye maisha yake kwanza, jina la «eksperimentali» likakuja nyuma. Na wewe unachukua sekunde 15 kati ya mteja na mteja. Ni kitu kile kile, rafiki yako angekuuliza kwanza uko na dakika ngapi za mapumziko.

Usiwaze hata hivyo kwamba alikuwa hawezi kitu kingine. Alifanya filamu ya waigizaji, Guns of the Trees ya 1961, na mwaka 1964 alifilmu mchezo mzima wa teatro juu ya jela ya wanajeshi, The Brig, ikapata zawadi kwenye tamasha ya Venice upande wa filamu za ukweli. Na hii inanichekeshaga kila mara: mwaka huo huo wa 1964 huyu mtu wa sekunde mbili mbili ndo alishika kamera kwa msanii Andy Warhol kwenye filamu Empire, jengo moja la New York, kamera haitikisiki, saa nane na zaidi.

Lakini kitu kikubwa ni shajara. Alifilmu maisha yake na ya watu wake karibu kila siku, vipande vinalala kwenye maboksi, miaka inapita, ndipo anavitoa na kuviunganisha. Walden, ya 1969, saa tatu. Lost, Lost, Lost ilitoka mwaka 1976, na ndani mnaona picha za 1949 mpaka 1963: Walithuania wa Brooklyn kwenye pikniki, kwenye mikutano, kwenye maandamano, wamevaa vizuri, wanaimba, wanangojea nchi irudi. Hesabu: kutoka picha za kwanza mpaka filamu, miaka 27. Na ile ya 2000, yenye jina refu kama treni, As I Was Moving Ahead Occasionally I Saw Brief Glimpses of Beauty, inafika karibu saa tano, ni video za nyumbani, kweli, mke, watoto, paka, dirisha, na watu wazima wanakaa kwenye giza wanalia. Alifanya hivyo mpaka uzee, mwaka 2007 akiwa na zaidi ya miaka 80 alitoa video moja kila siku kwa mwaka mzima kwenye intaneti. Alikufa New York tarehe 23 Januari 2019, miaka 96.

Sasa swali lako la kula, lile uliandika kwa woga kidogo. Filamu hazikumlisha, niko nakuambia wazi ili usije ukaacha nywele. Alianza na kazi za viwanda na vibarua, kisha kazi ya studio ya picha, kisha kuandika: mwaka 1954 yeye na Adolfas walianzisha gazeti la Film Culture, na kutoka 1958 akawa na safu yake ya sinema kwenye gazeti Village Voice, aliishikilia mpaka 1975. Na zaidi ya yote walijiunga. Hapo ndo mimi ningependa usome mara mbili, maana vijana wetu wanaangalia picha ya Mekas na Bolex peke yake, wanaiga upweke, wanaacha kazi ya chama. Mwaka 1962 yeye na wenzake walifungua Film-Makers' Cooperative, ushirika, ofisi ilikuwa pale pale alikuwa anaishi. Kanuni yao ilikuwa rahisi: ukileta filamu yako inapokelewa, hakuna mkubwa wa kuichuja, inabaki yako, na chuo ao klabu ikiikodisha pesa kubwa inaenda kwako. Ni likelemba, mchango wa zamu, kusema kweli, tofauti ni kwamba mnachanga filamu. Kisha mwaka 1970 wakafungua Anthology Film Archives, nyumba ya kuhifadhi na kuonesha hizo filamu, na ukumbi wake wa kwanza, ule alichora Mwaustria Peter Kubelka, ulikuwa mweusi mtupu, kati ya kiti na kiti kuna ukuta mdogo usimwone jirani. Pesa ya mwanzo ilitoka kwa tajiri mmoja rafiki yao, Jerome Hill, naye akafa mwaka 1972, na Mekas akaanza miaka na miaka ya kuomba. Jengo walipata 1979, mahakama ya zamani, na milango ilifunguliwa 1988. Miaka tisa ya kutafuta pesa ya kurekebisha jengo! Na polisi pia ilimpitia: 1964 alikamatwa kwa kuonesha Flaming Creatures ya Jack Smith, wakisema ni uchafu, akapewa hukumu ila hawakuitekeleza.

Kwa hiyo ukiniuliza alikula nini, alikula kazi zote za pembeni ya filamu: kuandika, kupanga viti, kujaza barua. Filamu alizifanya na muda ule ulibaki.

Na si wazungu peke yao. Kwetu hapa Petna Ndaliko Katondolo alianzisha kituo cha sanaa Yole!Africa, na tamasha ya filamu ile wengi wetu tulijulia kwa jina la SKIFF, na yeye amekuwa mtu wa kwenda na kurudi kati ya Goma na Marekani, filamu zake hazifanani na ripoti za mashirika hata kidogo. Lubumbashi kuna Sammy Baloji, wa 1978, anaishi kati ya Lubumbashi na Brussels, anachukua picha za kale za koloni anazichanganya na magofu ya migodi, na pamoja na wenzake walianzisha kituo cha sanaa chenye jina Picha, ndo walizaa Biennale ya Lubumbashi, tamasha ya sanaa ya kila miaka miwili. (Usimchanganye na Baloji mwingine, mwanamuziki wa Ubelgiji mwenye alifanya filamu Augure, ile ilienda tamasha ya Cannes 2023. Huyo naye alizaliwa Lubumbashi, naye ni 1978. Watu wanakosea kila siku.) Angalia kitu kimoja kwa hao wawili wa kwanza: kila mmoja alijenga nyumba ya wengine kuingia. Wewe huko Kampala, Wakongomani wenye kupiga picha si watatu tu. Mkikutana Jumapili kwa mmoja, kila mtu analeta dakika tano, shuka nyeupe ukutani, soda mnachanga, tayari mmeanza.

Nilibakisha la Goma, lile la vipande kumi na moja. Unaandika kwamba hauwezi kufanya filamu ya nyumbani juu hauna picha za nyumbani. Mekas alitoka kwao 1944, akarudi kuangalia mara ya kwanza Agosti 1971. Miaka 27 tena, sijui kwa nini hiyo namba inamfuata. Ndani ya hiyo miaka hakuwa na hata kipande kimoja. Sasa angalia vile anafilmu Central Park, bustani kubwa ya New York, kwenye Walden: theluji, miti, watoto wanateleza, ukifunika maghorofa kwa mkono unaona kijiji. Hakutafuta Lithuania, macho yake yalikuwa yanaichagua yenyewe. Nimeangalia vile vitatu ulinitumia, na ile mvua kwenye bati la Katwe uliichukua kutoka chini, mlangoni, vile mtoto anaangaliaga mvua akikatazwa kutoka nje. Kampala nzima iko pale, na wewe umechagua mlango wa Ndosho.

Na alipofika nyumbani hakufanya filamu kubwa ya machozi. Reminiscences of a Journey to Lithuania, ya 1972, iko na sehemu tatu: kwanza Brooklyn ya zamani, kisha kijijini, kisha Elmshorn na Vienna. Ile ya kijijini ameikata vipande vidogo akavipa namba, na ndani kuna nini? Mama anapika nje kwenye moto, moshi unamwingia machoni. Ndugu wanaimba, wanakunywa, wanashika majembe kwa mchezo kuonesha zamani walilima vipi. Hakuna hotuba. Elmshorn anarudi kwenye ile sehemu ya kazi ya lazima na watu wa pale hawakumbuki kitu, watoto wanakimbia tu mbele ya kamera. Hiyo filamu ya viazi na moshi Wamarekani waliiingiza mwaka 2006 kwenye orodha yao ya taifa ya filamu za kuhifadhiwa.

Mambo ya mikono sasa, haraka haraka. Vile vipande ondoa kwenye telefone wiki hii, orijinali, kwa waya, usivipitishe WhatsApp juu inabana picha na hairudi tena. Weka sehemu mbili, na hizo sehemu zisilale nyumba moja. Mimi Mei 2021 tulipoambiwa tutoke Goma juu ya volkano nilikimbilia Sake na diski moja tu kwenye begi, ikaanguka njiani, miaka mitatu ya kazi, na nakala hakuna. Kila kipande kipe jina la tarehe na mahali, hata kama ni kuchosha. Kaza kipimo cha mwanga kwenye telefone kisijibadilishe, kabla ya kubonyeza, ukitaka, ao ukiache kiruke, lakini amua wewe, isiamue telefone. Sura za watu wenye walikimbia usizioneshe bila kuwauliza, hata kama ni rafiki: picha ya Kampala inafika Goma kwa dakika mbili na hapa hujui nani anaangalia. Mikono, miguu, mgongo, hivyo unavijua tayari. Na usianze kuunganisha filamu ya saa moja. Chukua dakika tatu, urefu wa mkanda mmoja wa Bolex karibu, vipande vya wiki moja tu, kwa mfuatano ule vilichukuliwa, usipange kitu. Uangalie. Ukichoka, ngoja mwezi.

Juu ya sauti: Mekas kwenye filamu nyingi anaongea mwenyewe juu ya picha, miaka baadaye, kiingereza chenye lafudhi ya kijijini kwao kabisa, polepole, anasimama katikati, unasikia chumba ile alikuwa anarekodia. Picha ni za 1950, sauti ni ya mzee. Katikati ya hizo mbili ndo kilio kinakaa, na hakuna muziki ungefanya hiyo kazi. Wewe uko na kinyume chake, picha za leo na sauti ya mtu mwenye alibaki, kwa hiyo telefone ya Kampala na sauti ya Ndosho viweke pamoja uone. Muombe tate ruhusa kwanza, mweleze vizuri ni ya nini. Jogoo waache, mvua pia, maana ukiiweka chini ya ile mvua ya Katwe watu hawatajua mji gani unanyesha. Na ile kikohozi usiikate.